Uzi wa Pamba

"Vuta," alisema Alvah. "Vuta kwa nguvu zako zote, tuone kama kitang'oka."

Orpha Kimmel alikishika kile kishikio cha ngozi kilichoshonwa kiunoni mwa suruali ya Alvah, akakivuta kidogo tu, kama mtu anayejaribu mlango ambao hataki ufunguke.

"Ndiyo nguvu zenyewe hizo? Binti wa fundi wa matandiko ya farasi mzima!"

"Kimeshika. Nimekishona mwenyewe, huoni?"

Walikuwa katika karakana ya marehemu baba yake, kati ya hatamu na mikanda inayoning'inia. Ilikuwa Jumatano mchana, kesho yake ni Siku ya Shukrani na mechi ya mwisho ya msimu, dhidi ya chuo cha Marbury. Alvah alikuwa ameivaa ile suruali nene ya turubai juu ya suruali yake ya kila siku, amejinyoosha kama mtoto anayepimwa nguo ya sikukuu. Nywele zilimfika mabegani. Wachezaji wote wa chuo cha Wexley walizifuga hivyo tangu kiangazi, ati ndizo kofia zao. Kichwa chenye nywele nyingi hakipasuki upesi.

"Orpha, mbona hunitazami?"

"Nakutazama."

"Unaitazama suruali."

Akamtazama. Macho ya Alvah yalikuwa ya rangi ya chai nyepesi, na kila yalipomwangukia, Orpha alisahau alichokuwa akitaka kusema. Safari hii hakusahau. Alikuwa na neno moja tu, nalo lilikuwa limemkaa kooni kama mwiba wa samaki: uzi.

Kila suruali ya timu ilikuwa na vishikio viwili, kimoja kushoto na kimoja kulia. Mpira wao ni wa kukumbatiwa kifuani, si wa kupigwa chenga. Vijana kumi hujifunga mikono wakawa kabari, na yule mwenye mpira hukaa katikati. Wenzake wawili humshika kwa vishikio, wakamburuta, na ikibidi wakamrusha juu ya vichwa vya watu, huku wapinzani wamemng'ang'ania miguu. Hivyo ndivyo Wexley walivyoshinda msimu mzima bila kufungwa. Na hivyo ndivyo kaka yake Orpha, Clement, alivyorushwa mwaka jana, akatua kwa kichwa. Aliinuka, akacheka, akarudi nyumbani kwa miguu yake, akala sahani mbili za supu, akaenda kujilaza. Asubuhi Orpha alimpelekea kahawa, akakuta amekwisha kuwa baridi.

Kwa hiyo vishikio vya Alvah hakuvishona kwa uzi wa kitani, ule wa kushonea hatamu. Alivishona kwa uzi wa pamba, wa kushonea aproni, akaupaka nta nyeusi ili usijulikane. Alikuwa amewaza hivi: vishikio vikikatika mara ya kwanza tu, nahodha wao, Royce, atakasirika, mpira atapewa mwingine, na Alvah atabaki kuwa mmoja wa wale wanaosukuma. Aliona ni akili kubwa.

"Kesho ndiyo mwisho," alisema Alvah. "Tukimalizana na Marbury nazinyoa nywele hizi, navaa shati la kola, nakuja kugonga kwa mama yako."

"Atakufungia mlango."

"Nitagonga tena."

"Atakumwagia maji."

"Ya moto au ya baridi?"

"Ya kuchemshia soksi."

Alvah alicheka hadi akashika meza. Orpha naye akacheka, kisha kicheko kikamkauka midomoni.

"Alvah, kwa nini lazima uvutwe wewe? Kuna watu kumi na moja. Mwambie Royce amvute mwingine."

Kicheko kilimtoka Alvah usoni kama taa iliyopulizwa. Alianza kuivua ile suruali ya turubai, amempa mgongo.

"Lazima niwe mimi," alisema. "Usiniulize hilo, mpenzi. Niulize lolote jingine."

*

Asubuhi ya sikukuu, mama yake alikuwa ameinama mbele ya jiko akimmwagia bata mzinga mchuzi wake. Bi Hedwig Kimmel alikuwa mjane aliyemzika mume na mwana, na mikono yake haikujua kutulia.

"Unakwenda wapi na kofia ya kanisani?"

"Kutembea, mama."

"Kutembea uwanjani."

Orpha alikifunga kifuko chake cha kazi kiunoni. Kilikuwa na msharasi wa kutobolea ngozi, sindano na kisu cha ngozi; hakutoka bila hicho tangu alipoachiwa karakana.

"Mama, twende wote. Hata dakika kumi."

"Mimi? Nikatazame watoto wa watu wakiuana halafu nipige makofi?" Mama alifunga mlango wa jiko kwa goti. "Nenda, wewe mtu mzima. Ila yule mwenye nywele kama mkia wa farasi hataingia humu. Nimesema."

"Amekukosea nini Alvah? Alikuwa rafiki wa Clement. Alilibeba jeneza."

"Muulize yeye alichonikosea."

"Nakuuliza wewe, mama yangu."

"Na mimi nimekwisha kukujibu. Funga mlango, baridi inaingia."

*

Uwanja ulikuwa malisho nyuma ya chuo. Mistari ya chokaa ilichorwa juu ya tope lililoganda, na watu wa mji mzima walikuwapo. Wanawake walikaa juu katika magari ya farasi wamejifunika mablanketi, na utepe wa kijani wa Wexley kifuani. Chini, kwenye kamba, walisimama wanaume. Orpha aliwapita wanawake wote akashuka hadi kwenye kamba.

"Dada, hapa si mahali pako," mzee mmoja alimwambia. "Utarukiwa na matope."

"Nitafua."

Mwanzoni mambo yalikwenda kama siku zote. Kabari iliingia, ikarudi, ikaingia. Mvuke ulipanda juu ya wale vijana kama juu ya farasi wa kulima. Kila kabari ilipofumuka Orpha alizitafuta zile nywele za Alvah, akiziona, anavuta pumzi.

Kisha Royce Tillotson, nahodha, akapaza sauti akitaja namba zao za siri. Kabari ikajifunga. Orpha aliona Alvah akiupakata mpira, aliona Royce akishika kishikio cha kushoto na yule jitu, mtoto wa muuza unga, akishika cha kulia. Wakakimbia naye, wakamnyanyua. Alvah akapaa juu ya mabega ya Marbury, mkono mmoja umeukumbatia mpira, mguu mmoja umeshikwa na wapinzani nyuma, na Royce akavuta kwa uzito wake wote.

Uzi ukakatika.

Orpha aliuona mkono wa Royce ukirudi nyuma na kipande cha ngozi. Aliona Alvah, sasa ameshikwa upande mmoja tu, akizunguka hewani kama gunia lililoteleza garini. Hapakuwa na mkono wa kumpokea. Akaingia chini kwa kichwa, na kabari nzima, ya kwao na ya wageni, ikamwangukia juu.

Hilo ndilo ambalo hakuwa ameliwaza. Usiku wote aliokaa akishona, alikuwa ameuona uzi ukikatika Alvah akiwa amesimama ardhini. Hakuwahi kumwona akiwa juu. Mwaka mzima alikuwa ameogopa kitu kimoja, na sasa amekitengeneza kwa mikono yake.

Miili ikaanza kuondolewa, mmoja mmoja. Orpha alikuwa ameishika kamba, viganja vinamwuma wala hajui. Wa mwisho alikuwa Alvah, amejikunja juu ya mpira. Hakutikisika.

"Bwana Mungu," alisema Orpha. "Bwana Mungu, siyo huyu. Siyo mimi tena wa kupeleka kahawa."

Alvah akainuka.

Watu wakalipuka kwa shangwe. Kofia zikarushwa. Alvah alijipangusa tope, akatabasamu, tabasamu pana la mtu aliyealikwa mahali asipopajua. Kisha akatembea taratibu akaenda kujipanga upande wa Marbury.

"Kwenu kule, bwana!" Kijana mmoja wa Marbury alimsukuma kwa bega. "Au umeamua kuja kwa washindi?"

Uwanja mzima ulicheka. Yule mzee kando ya Orpha alicheka hadi akakohoa. Royce alimvuta Alvah kwa mkono akamrudisha mahali pake, na mchezo ukaendelea, maana sheria yao ilikuwa ngumu: anayetoka harudi. Kwa sheria hiyo vijana walicheza na vidole vilivyovunjika na mbavu zilizopasuka, wakisema wako sawa.

Orpha peke yake hakucheka. Tabasamu lile alikuwa amekwisha kuliona, mezani kwao, juu ya sahani ya supu.

*

Wakati wa mapumziko timu ilikusanyika katika banda la farasi. Orpha aliingia bila kubisha. Vijana walitupiana macho, wawili wakajifunika.

"Dada Orpha!" Royce alimwona kwanza. "Mungu kakuleta. Tazama, kishikio kimeng'oka. Una sindano?"

"Ninayo."

"Shona, na uwahi. Hiki cha kulia nacho kitie nguvu." Akageuka kwenda kuwapigia wenzake kelele mwisho wa banda.

Alvah alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa. Damu kidogo ilikuwa imemkauka sikioni. Orpha alipiga magoti mbele yake kwenye majani makavu.

"Kilikatika," Alvah alisema.

"Uzi ndio uliokatika."

"Uzi gani wa kukatika hivyo? Kazi ya Kimmel haikatiki."

"Wa pamba." Sauti yake ilikuwa ndogo, akailazimisha itoke. "Nilishona kwa uzi wa pamba, Alvah. Makusudi. Nilitaka vikatike ili Royce asikuvute tena. Sikujua utakuwa hewani."

 Polepole uso wa Alvah ukajaa hasira ambayo Orpha hakuwahi kuiona.

"Makusudi."

"Ndiyo."

"Jana nimesimama mbele yako nakuchekea. Nakuambia vuta. Na wewe unajua."

"Nilijua."

"Umenitupa chini ya miguu ya watu ishirini, Orpha. Wewe! Hata Marbury hawajanifanyia hivyo." Alisogeza magoti yake mbali naye. "Ondoka. Na lile la kuja kwa mama yako, lisahau. Sitaki kukuona."

Orpha aliinamisha kichwa. Aliona ni haki yake. Alivuta uzi wa kitani kutoka kwenye kifuko, akajaribu kuutia sindanoni.

Kitambo kikapita. Kisha akasikia sauti juu yake, laini, ya furaha:

"Orpha! Umekuja! Mama yako amekuruhusu?"

Aliinua macho. Alvah alikuwa anamtabasamia kama mtu aliyemwona anaingia mlangoni sasa hivi. Alipapasa kiuno chake, akaona turubai iliyochanika.

"Ee! Kishikio changu kimekwenda wapi?"

Baridi ilimwingia Orpha kutoka chini ya kucha hadi kwenye meno. Akamwambia tena. Alirudia maneno yale yale, uzi wa pamba, makusudi, na safari hii Alvah aliangua kicheko.

"Wa pamba! Kama aproni! Royce akijua atakutupa mtoni."

"Alvah, nitazame. Leo siku gani?"

"Jumamosi. Mechi si Jumamosi siku zote?"

"Mnacheza na nani?"

Aliyatupa macho kwa wenzake, kama mwanafunzi anayeibia jibu. "Na... na wale," alisema. "Wale wa siku zote."

Orpha alisimama. "Royce! Njoo. Hajui leo siku gani. Hajui mnacheza na nani."

"Hata mimi kwenye mtihani sijui chochote," Royce alisema, na vijana wakacheka. "Alvah, uko sawa?"

"Niko sawa."

"Umesikia mwenyewe, dada. Shona."

"Clement naye alisema yuko sawa."

 Farasi mmoja alipiga kwato sakafuni. Royce alimsogelea, na alipozungumza sauti yake haikuwa ya nahodha tena, ilikuwa ya kijana aliyechoka.

"Dada Orpha, kaka yako nilimpenda. Lakini nikimtoa huyu harudi. Wa akiba nilio nao umewaona, fito tupu. Kipindi kimoja tu, msimu wetu umekwisha. Kimoja. Nakuomba, shona."

"Daktari je?"

"Daktari amekwenda kula sikukuu kwa mwanawe. Shona!"

Orpha alirudi kwa Alvah, akapiga magoti. Sindano ilikuwa tayari mkononi. Aliitazama, kisha akaichomeka kwenye ukosi wa koti lake, akatoa kile kisu cha ngozi, kilichopinda kama mwezi mchanga.

"Usitikisike," alimnong'oneza.

"Unanipendea nini wewe?" Alvah alimwuliza, kwa udadisi tu.

Orpha aliingiza kisu kiunoni akakishusha. Turubai ilipiga ukelele. Aliichana kutoka kiunoni hadi gotini, akavuka mguu wa pili, akauchana na huo, na kabla hajashikwa mkono suruali ilikuwa vipande viwili majanini. Alvah akabaki juu ya ndoo na chupi yake ndefu ya sufu, nyekundu kama pilipili.

"Umefanya nini?" Royce alimnyang'anya kisu. "Umefanya nini, mwanamke wewe!"

"Sasa mpeleke uwanjani. Mpeleke na chupi nyekundu mbele ya mke wa mkuu wa chuo, kama unathubutu."

Royce alimgeukia mmoja wa wale wa akiba. "Vua yako! Upesi!" Ikavuliwa, wakahangaika watu watatu kumvisha Alvah. Haikupita magotini. Nje, mwamuzi akapiga filimbi, akapiga ya pili. Royce alimtazama Orpha kwa chuki, machozi yanamlengalenga.

"Tukifungwa," alisema, "mji huu utakukumbuka."

Wakatoka mbio. Banda likabaki na farasi, na Alvah, na Orpha.

"Orpha," alisema Alvah, akiitazama miguu yake. "Nani kachana suruali yangu?"

*

Orpha alimzungushia Alvah blanketi la farasi kiunoni akamtoa kwa njia ya nyuma, kando ya uzio. Katikati ya njia Alvah alishika nguzo akatapika. Clement hakutapika, Orpha hakujua kama hilo ni jema au baya. Hakuwa na mtu wa kumwuliza. Nyuma yao uwanja ulinguruma, ukanyamaza, ukanguruma tena.

"Twende. Usikae."

"Nakaa kidogo tu. Nina usingizi."

"Hapana! Usingizi hapana. Tembea, Alvah, tembea na mimi."

"Suruali yangu iko wapi?"

Akamwambia. Njia nzima alikuwa akikiri. Kila baada ya miti michache Alvah alisahau, akauliza, na Orpha akaanza upya: uzi, kishikio, kisu. Kila mara alilipokea kama jipya. Mara alikasirika akamsukuma mkono. Mara alicheka. Mara alinyamaza, akatembea akilia kimya kimya bila kujua analilia nini. Orpha hakupata nafuu ya kusamehewa wala ya kuhukumiwa, maana hukumu ilifutika kabla hajaibeba.

Langoni kwao Alvah aliuliza tena. Orpha alikuwa amechoka, akamjibu kwa ufupi.

"Nilichana mimi. Niliogopa utakufa."

Alvah aliliwaza jambo hilo. "Uliogopa sana?"

"Bado naogopa."

"Basi sogea karibu," alisema. "Mimi nina baridi, na wewe una hofu."

Mlango ukafunguka kabla hawajagonga. Mama alikuwa amesimama na kijiko mkononi. Alitazama blanketi, akatazama miguu myekundu, kinywa kikafumbuka kutema neno. Kisha akayaona macho ya Alvah. Jicho moja lilikuwa na mboni kubwa kuliko jingine. Kijiko kilishuka polepole.

"Mama, najua ulisema..."

"Mwingize," alisema mama. "Mbona unamsimamisha kwenye baridi?"

Wakamketisha kwenye kiti kirefu kando ya jiko. Mama alivuta kiti chake mbele yake, magoti kwa magoti. Bata mzinga alikuwa anaungua, harufu imetanda, hakuna aliyemjali.

"Asilale," mama alimwambia Orpha. "Mara ile nilimwacha alale. Nilimfunika na blanketi, nikamwambia lala, mwanangu, umechoka." Akamgeukia Alvah. "Wewe! Mama yako anaitwa nani?"

"Lucinda."

"Mnafuga ng'ombe?"

"Tunafuga."

"Mkorofi ni yupi?"

Alvah alifikiri. "Mwenye pembe moja. Anampiga baba teke."

"Vizuri. Ana haki. Endelea."

Mwanga wa dirishani ukaanza kuwa wa kijivu. Kijana mmoja alipita barabarani akikimbia, akipiga kelele kwa nyumba zote: "Tumefungwa! Marbury wametufunga!" Orpha aliinamisha uso. Msimu mzima, mji mzima. Alvah hakugeuka hata kidogo. Alikuwa anakitazama kiti kitupu upande wa pili wa meza, na paji lake la uso lilikuwa limekunjamana, kama mtu anayesikia jina lake kwa mbali.

"Bi Kimmel," alisema. "Ni mimi niliyemvuta."

Mikono ya mama ikatulia.

"Clement. Mimi nilikuwa kulia. Royce aliniambia vuta, nikavuta, nikamrusha. Nilivuta kuliko ilivyohitajika. Nilitaka wote waone nguvu zangu." Alikitazama tena kile kiti. "Tangu siku ile sijamvuta mtu. Nilimwambia Royce, nivuteni mimi, kila mechi nivuteni mimi. Labda na mimi nitaanguka, tutakuwa sawa."

 Hilo ndilo Orpha alilokatazwa kuuliza. Alimtazama mama yake, akaogopa kuliko alivyoogopa uwanjani, maana mlango ulikuwa hatua mbili tu na nje baridi ilikuwa inashuka.

Mama hakuinuka.

"Najua," alisema. "Clement aliniambia mwenyewe, kwenye kiti kile unachokitazama. Alikuwa anacheka na supu mdomoni. 'Mama, leo Alvah kanirusha, ningekuwa na mbawa ningefika nyumbani kabla ya chakula.' Hakukulaumu. Mimi nilikulaumu kwa niaba yake." Alifuta mikono kwenye aproni, mikono iliyokuwa mikavu. "Kila Jumapili nilikungoja kanisani. Unanipita, unageuza uso. Nikasema, huyu akija mlangoni kwangu kumtaka binti yangu kabla hajaja kwa ajili ya mwanangu, haingii. Mwaka mzima nimekungoja, kijana."

"Umeningoja nikufanyie nini, mama?" Alvah aliuliza kwa upole.

Amekwisha kusahau. Orpha aliziba mdomo kwa kiganja.

Mama alimtazama kijana huyo. Kitu fulani usoni mwake, kilichokuwa kimekaza tangu mazishi, kikalegea.

"Basi utaniambia kesho," alisema. "Ya leo siihesabu. Kesho, ukiwa na akili zako zote, utaniambia tena, na mimi nitakujibu."

"Sawa, mama." Kope za Alvah zilianza kushuka.

"Alvah Stroud!" Mama alipiga meza, sahani zikaruka. "Fumbua macho! Mtu mwenye neno la kuniambia kesho halali leo. Orpha, muulize kitu. Mimi maswali yamenikauka."

Orpha alipiga magoti mbele yake, akaishika mikono yake yote miwili. Ilikuwa baridi na mizito. Maswali yote yalimkimbia. Likabaki moja, lile aliloliogopa kuliko yote, na likamtoka kabla hajalizuia.

"Alvah. Mimi ni nani?"

 Macho ya Alvah yalimpita usoni polepole, paji, pua, mdomo, kama mtu anayepapasa kuta za chumba chenye giza akitafuta mlango.  

"Wewe," alisema Alvah taratibu, "ndiye uliyechana suruali yangu."

Tangu waingie ndani, hapakuwa na aliyeitaja suruali.

"Na kabla ya hapo," aliendelea, akikunja uso kwa bidii, "ulinishonea kwa uzi wa aproni. Na nilikukasirikia. Halafu... sijui. Hasira sijui nimeiweka wapi."

Orpha aliinamisha kichwa magotini mwake akalia kwa sauti, wala hakujali nani anasikia. Mkono mzito ukamwangukia nywele, ukabaki hapo. Mama alikuwa amejifunika uso kwa aproni, mabega yanamtikisika, na haikujulikana kama analia au anacheka.

Kisha akaishusha, akajipangusa pua, akaongeza kuni jikoni.

"Usimwache anyamaze," alisema. "Muulize jingine, binti yangu. Bado hakujapambazuka."